Walirudi Kabamba



Juzi, baada ya sala ya Isha, mjukuu wangu alinijia ameinamisha kichwa. Ameshindwa mtihani, wala hataki kuurudia. Sikumkemea. Nilimsimulia habari za Kabamba.

Kabamba ni kambi ya mafunzo ya jeshi nchini Uganda, magharibi ya Kampala. Tarehe 6 Februari 1981 Yoweri Museveni na wenzake wachache, wenye bunduki 27 tu, waliivamia ili wateke ghala la silaha. Ghala likawashinda kwa risasi za mlinzi wake. Hivyo ndivyo vilivyoanza vita vya msituni dhidi ya serikali ya Milton Obote: kwa kukosa walichokifuata.

Ulipokaribia kwisha mwaka 1984, hali yao ilikuwa dhiki. Luwero, iliyokuwa tegemeo lao, ilikuwa imegeuka mahame. Wanavijiji wengi wameuawa, wengine wamekimbia. Chakula haba, risasi za kuhesabu, na majeshi ya serikali yamewabana.

Lakini kuvunjika kwa koleo si mwisho wa uhunzi. Wakati serikali ikiwasaka Luwero, kikosi cha Salim Saleh kilipenya kuelekea magharibi, na tarehe 1 Januari 1985 kikatokea Kabamba ghafla. Mara hii ghala lilifunguka, wakapata bunduki zaidi ya 600. Mwaka huo huo Fred Rwigyema akafungua uwanja mwingine wa vita upande wa Rwenzori. Julai Obote akapinduliwa na majenerali wake mwenyewe, na tarehe 26 Januari 1986 wapiganaji wale, waliokuwa wakipeana amri kwa Kiswahili chetu hiki, wakaitwaa Kampala.

“Umeona?” nilimwambia. “Walirudi pale pale walipokosea, nao wanajua kilichowashinda.”

Kijana akafikiri, kisha akauliza: “Na wale wa Luwero, babu, wao walirudia nini?”

Nilinyamaza. Baada ya vita mafuvu yao yalipangwa kandokando ya barabara, wapita njia wakiyatazama. Mimi nilikuwa nimehesabu bunduki, nikawasahau wao.

Basi wazazi wenzangu, tuwasimuliapo watoto ushujaa wa vita, tuwatajie na gharama yake. Mtihani hurudiwa, roho haina marudio. Kijana ameahidi kuurudia wake, inshallah.

Wabillahi tawfiq.