Chuo cha Ufundi Kisifanywe Ngazi ya Chuo Kikuu

Chuo cha ufundi kilichoanza kupokea wanafunzi Tudor, Mombasa, mwaka 1951 hakikuwa cha serikali peke yake. Aga Khan alitoa fedha, Sultani wa Zanzibar akatoa, jumuiya ya Mabohora ikachanga, na serikali ya kikoloni chini ya Gavana Philip Mitchell ikaongeza fungu lake. Ndivyo ilivyozaliwa Taasisi ya Elimu ya Kiislamu ya Mombasa, MIOME, yenye majengo ya matao na kuba. Waliochanga wangeweza kujenga shule nyingine ya kutoa makarani. Walichagua karakana, tena katika mji unaoishi kwa bandari na reli. Uamuzi ule ulikuwa sahihi, nasi tuliourithi tumekuwa tukiufuta kidogo kidogo huku tukijipongeza.

Tuiangalie safari yenyewe. Mwaka 1966 taasisi ilifunguliwa kwa wanafunzi wa dini zote, na ilistahili, kwani Kenya huru isingeweza kumnyima kijana ufundi kwa sababu ya imani yake. Mwaka 1972 ikawa Mombasa Polytechnic. Hatua hizo mbili ziligusa nani anaingia na jina lipi liko langoni; lengo la kutoa mafundi lilibaki pale pale. Lakini mwaka 2007 chuo hicho kilifanywa chuo kikuu kishiriki, na mwaka 2013 kikawa Chuo Kikuu cha Kiufundi cha Mombasa. Hakiko peke yake. Chuo cha Kimathi, kilichoanza mwaka 1972 kwa harambee ya watu wa Nyeri, nacho ni chuo kikuu leo, na cha Murang'a kikafuata mwaka 2016. Wananchi walichangia ufundi, wakarudishiwa shahada.

Wapo watakaosema kuwa nchi inahitaji wahandisi pia, na kwamba vyuo hivi bado vinatoa stashahada na vyeti. Yote mawili ni kweli. Ila mhandisi mmoja hafanyi kazi bila mafundi kadhaa nyuma yake, na chuo kikuu huvutwa na mambo mengine. Mtazame kijana anayejifunza kukereza chuma: anapima kipenyo, anakata kidogo, anazima mashine, anapima tena, akikosea kwa unywele, kipande kizima kinatupwa. Mwalimu hawezi kusimamia vijana mia moja wa namna hiyo kwa wakati mmoja, lakini anaweza kuwahutubia mia moja ukumbini kuhusu biashara. Bajeti inapobana, ukumbi hushinda karakana. Na anayefundisha je? Mwaka 2014 Tume ya Elimu ya Vyuo Vikuu ilitaka wahadhiri wawe na shahada ya uzamivu. Kwa chuo kikuu sharti hilo lina mantiki. Kwa fundi aliyekaa miaka ishirini kwenye mitambo ya meli, lina maana kwamba ujuzi wake hautampandisha cheo.

Hoja nzito zaidi ni ya wazazi. Wanauliza kwa nini mtoto wa Likoni au Kisauni abaki na cheti ilhali watoto wa wenye nacho wanasomea shahada. Swali hilo linauma, na kumwambia mzazi kwamba ufundi una heshima hakutoshi wakati tangazo la kazi na kiwango cha mshahara vinamwambia vingine. Basi dawa iwekwe huko huko: fundi aliyehitimu apandishwe cheo na alipwe kwa ustadi wake, na anayetaka shahada baadaye ahesabiwe aliyokwisha kusoma, asianzishwe upya. Taasisi mpya za ufundi zilizojengwa katika maeneobunge zipewe hakikisho la kisheria kwamba hazitageuzwa, na kampuni za bandarini na za usafirishaji, zinazowahitaji mafundi hawa kila siku, zichangie vifaa na zipate viti katika bodi za taasisi hizo, kama walivyochanga Aga Khan, Sultani na Mabohora zaidi ya miaka sabini iliyopita.