Hakuwa na Kazi? Basi Nani Aliyewalea Hawa Watoto?



Kuna neno tumelichoka. Mwanamke akigongwa na gari akafariki, familia ikaenda kudai fidia, huulizwa: marehemu alifanya kazi gani? Na jamaa zake mwenyewe, waliokula mkononi mwake miaka na miaka, hujibu: "Hakuwa na kazi, mama wa nyumbani tu."

Hiyo "tu" ina bei. Hapa Kenya hakimu aghalabu hupiga hesabu hivi: mapato ya marehemu kwa mwezi, mara miezi 12, mara miaka aliyobakisha ya kuchuma, kisha hutolewa fungu la waliomtegemea, mara nyingi thuluthi mbili. Mapato yasipothibitishwa, mara nyingi hushikwa mshahara wa chini wa kibarua asiye na ujuzi.

Tuchukue mfano wa mama anayepika mahamri na mbaazi kila alfajiri. Tuseme faida yake ni shilingi 1,500 kwa siku, siku 26 kwa mwezi: 39,000. Kwa miaka 15, thuluthi mbili yake ni shilingi 4,680,000. Sasa tuseme wamemkadiria kibarua wa 15,000. Watoto wake watapata 1,800,000. Karibu milioni tatu zimepotea, na hakuna aliyeiba. Zimepotea kwa sababu hakuna aliyesema.

Watatuambia: leteni hati ya mshahara. Muuza mahamri ataandikiwa na nani hati ya mshahara? Mahakama ya Rufaa ya Kenya ilishalijibu hili mwaka 2005: vyeti na karatasi si njia pekee ya kuthibitisha kazi ya mtu na mapato yake, maana wako wengi wanaojitafutia riziki bila kuweka kumbukumbu. Basi mashahidi wapo. Yupo mwenye duka aliyemuuzia unga. Wapo wenzake wa chama waliopokea mchango wake kila wiki. Zipo jumbe za M-Pesa kwenye simu yake. Msiitupe simu ya marehemu, wala msiifute.

Wengine hutuziba mdomo kwa dini: ajali ni qadar, kuhesabu pesa za maiti ni kukosa imani. Qadar tunaiamini. Lakini sharia hiyo hiyo imeweka diya kwa anayeuawa kwa kukosea. Kukubali qadar hakujamfutia aliyeua wajibu wake. Na aya ndefu kuliko zote katika Qur'ani, ya 282 ya Suratul Baqara, inatuamuru tuandike madeni na tuweke mashahidi. Dini inayotaka deni liandikwe haitaki haki ya watoto ipotee kwa haya.

Je, asiyeuza chochote? Huyo ndiye anayedhulumiwa zaidi. Wenzetu India wamelipigania hili. Jedwali lililoongezwa kwenye sheria yao ya magari mwaka 1994 lilimkadiria mke asiye na mshahara kwa thuluthi moja ya mapato ya mumewe. Mwaka 2010 Mahakama ya Juu ya huko iliukosoa mtazamo huo, na Januari 2021 ikasisitiza kuwa kazi ya nyumbani ni mchango wa kweli kwa familia na kwa nchi. Ilitaja uchunguzi wa mwaka 2019: kwa wastani mwanamke hutumia dakika 299 kwa siku kwa kazi za nyumbani zisizolipwa, mwanamume 97.

Anayebisha aajiri mpishi, dobi, yaya, na wa kumwangalia mama mkwe mgonjwa, kisha atuletee hesabu mwisho wa mwezi.

Kwa hiyo tunasema. Enyi kaka na waume, mkiulizwa na wakili, msijibu kwa neno moja. Mwambieni alivyoamka saa kumi za usiku, alichopika, alichouza, nani alimtegemea. Nanyi mawakili, msiridhike na jibu la "mama wa nyumbani" mkafunga faili. Ulizeni tena.

Na sisi dada, tununue daftari leo. Tuandike kilichoingia na kilichotoka, ijapokuwa ni shilingi hamsini. Kila mmoja wetu huvuka barabara.

Wabillahi tawfiq.