Serengeti ya Hugo van Lawick na Serengeti ya Bunda

Hugo van Lawick, mpiga picha za filamu wa Kiholanzi, alizaliwa Surabaya mwaka 1937 na kufariki Dar es Salaam mwaka 2002. Sehemu kubwa ya kazi yake aliifanya katika ardhi yetu. Alifika Gombe mwaka 1962, akitumwa na National Geographic kupiga picha za sokwe waliochunguzwa na Jane Goodall, ambaye baadaye alimwoa. Kisha akahamia upande wa Serengeti, akapiga kambi Ndutu, akaishi huko hadi afya ilipomshinda.

Siandiki kwa nia ya kumshusha. Yeye na Goodall ndio walioionyesha dunia tai wakivunja mayai ya mbuni kwa mawe, na picha kama hiyo hailetwi na bahati peke yake. Huletwa na subira, ambayo sisi wanazuoni twaihubiri zaidi ya kuitenda.

Hoja yangu inahusu kilichoachwa nje ya fremu. The Leopard Son, filamu yake ya mwaka 1996, inasimuliwa na John Gielgud, mwigizaji wa Uingereza. Atakayeitazama hatakisia kwamba magharibi mwa hifadhi wapo Waikoma, Wanata na Waisenye, ambao mababu zao waliishi, waliwinda na kutambika ndani ya eneo hilo kabla ya mwaka 1951, lilipotangazwa kuwa hifadhi ya taifa. Upofu huo haukuanza na van Lawick. Filamu ya Bernhard Grzimek na mwanawe Michael, iliyotoka mwaka 1959 na kushinda Oscar, ilikwisha kuwazoesha Wazungu kumwona binadamu wa Serengeti kama kero.

Na picha hutunga sera. Aliyemjua tembo kupitia filamu humjua kama kiumbe anayehitaji kuokolewa. Mkulima wa Bunda humjua kama mgeni wa usiku anayemaliza mahindi na mtama kabla ya alfajiri. Mkulima huyo, akibahatika, hupewa kifuta jasho; ndugu yake akiuawa, kifuta machozi. Majina yenyewe yanakiri kwamba hiyo si fidia. Laiti lenzi ile hodari ingelala usiku mmoja tu shambani, naamini leo tungekuwa tunajadili fidia kamili.

Nitajibiwa kwamba filamu hizi zimetuletea watalii. Zimewaleta, lakini wengi wao huingia na kutokea Arusha. Lango la Ndabaka lipo kandokando ya barabara ya Mwanza–Musoma, na magari yetu hulipita kila siku. Musoma yenyewe haijawa mji wa watalii.

Kwa hiyo napendekeza jambo dogo. Butiama tunayo Makumbusho ya Mwalimu Nyerere, ambaye serikali yake, mwaka 1961, ilitoa Ilani ya Arusha (Arusha Manifesto) ya kuwahifadhi wanyamapori. Filamu za van Lawick zionyeshwe pale, bila kiingilio, kwa wazee wa Nata, Ikoma na Bunda. Sauti ya msimulizi izimwe, nao waeleze wanachokiona: jina la kilima kile, nani alizikwa chini yake, njia ile ilielekea wapi. Vijana wa Musoma wenye kamera wawarekodi. Kazi hiyo haimsubiri mfadhili, ila wazee hao hawatakuwapo siku zote.