Eti Msaidizi Tu?

Kuna swali moja ambalo halikosi kila sisi watu wa Afrika Mashariki wa hapa Riverdale Park tukikutana kuchoma nyama au kutazama mpira. Mtu ataanza, "Hivi yule Lupita alipotelea wapi?" Mwingine atajibu, "Alishuka, bwana. Na kwanza ile Oscar yenyewe ilikuwa ya msaidizi tu." Watu wanacheka, kisha mazungumzo yanahamia kwenye viza na nauli ya Desemba. Mimi ni mtu wa uhandisi, si mhakiki wa filamu. Lakini hilo neno "tu" limenichosha, na naomba nafasi katika ukurasa huu nilijibu.

Tuanze na kazi yenyewe, maana wengi wetu tunajua ule usiku mmoja wa gauni la buluu basi. Lupita Nyong'o alizaliwa Mexico City mwaka 1983 akakulia Kenya. Akiwa na miaka 14 aliigiza Juliet na kundi la Phoenix Players pale Nairobi. The Constant Gardener ilipopigwa Kenya, yeye alikuwa mmoja wa vijana wanaotumwa huku na huko nyuma ya kamera. Mwaka 2009 alikuwa Ayira katika Shuga, tamthilia ya MTV kuhusu vijana na virusi vya ukimwi, na mwaka huohuo akatoa filamu aliyoiongoza mwenyewe, In My Genes, kuhusu watu wenye ualbino nchini Kenya. Halafu akaenda kusomea uigizaji Yale, akahitimu 2012. Tarehe 2 Machi 2014 ndipo akapokea Oscar ya mwigizaji bora msaidizi wa kike kwa nafasi ya Patsey katika 12 Years a Slave. Piga hesabu: kutoka Juliet hadi Oscar ni zaidi ya miaka 15. Huo ni muda wa shahada ya kwanza, ya pili na ya tatu, na bado unabaki wa kutafuta kazi.

Sasa huyo "msaidizi" alisaidia nini? Hapa sisi wa eneo hili tuna sababu ya kusikiliza kuliko wengine. Ile filamu inatokana na kitabu cha Solomon Northup kilichochapishwa mwaka 1853. Northup alikuwa mtu huru wa New York, na alitekwa mwaka 1841 hapahapa Washington akauzwa Louisiana. Huko alimkuta Patsey, mwanamke aliyeweza kuchuma ratili 500 za pamba kwa siku, yaani zaidi ya kilo 220. Patsey alichapwa mijeledi karibu ya kufa kwa sababu alikwenda kwa jirani kuomba kipande cha sabuni. Mwishoni Northup anapanda gari la farasi anarudi kwa familia yake. Patsey anabaki. Hakuandika kitabu, na historia haijui aliishia wapi. Yote tunayoyajua juu yake yamo katika kurasa za mtu mwingine.

Nani basi angetuonyesha huyo mtu? Mhusika mkuu hawezi, yeye ana safari yake ya kumaliza. Hiyo ndiyo kazi ya mwigizaji msaidizi: ana dakika chache, na katika hizo dakika inabidi tuamini kwamba huyu naye ana maisha mazima, hata kama hadithi si yake. Lupita alifanya hivyo. Watu walitoka senema wakiulizana habari za Patsey.

Na tusidhani hayo ni ya Louisiana peke yake. Ile nyumba kubwa nyeupe ya Riversdale, ambayo wengi wetu tunaipita tukienda kupanda treni, ilikuwa ya familia ya Calvert na ilikuwa shamba la watumwa. Charles Benedict Calvert wa nyumba hiyo alikuwa mmoja wa waanzilishi wa chuo ambacho leo ni Chuo Kikuu cha Maryland. Mmoja wa watumwa wa pale, Adam Francis Plummer, alijua kusoma na kuandika. Mwaka 1841, mwaka uleule wa kutekwa kwa Northup, alianza kuandika kumbukumbu zake. Daftari lake leo limehifadhiwa na makumbusho ya Anacostia, Washington. Plummer aliandika, ndiyo maana tunamjua. Waliokuwa wakilima naye bila kalamu ni wangapi? Hao wote, kwenye filamu, ni nafasi za wasaidizi.

Sasa nikubali hoja moja ya wale wanaobisha, kwa sababu ina uzito. Watasema: ndugu yangu, Hollywood inawapa wanawake weusi nafasi za pembeni kwa sababu ya kati hawataki kuwapa, kwa hiyo wewe unasifia mlango wa nyuma. Ni kweli mlango upo. Mwaka 1940 Hattie McDaniel alikuwa mtu mweusi wa kwanza kupata Oscar, kwa kuigiza mtumishi wa nyumbani katika Gone with the Wind. Usiku huo alikalishwa meza ya pembeni, mbali na waigizaji wenzake wazungu. Tena enzi hizo washindi wa usaidizi hawakupewa ile sanamu, walipewa kibao. Alipofariki mwaka 1952 wosia wake ulisema kibao hicho kiende Chuo Kikuu cha Howard, hapo Washington. Kikafika, na baadaye kikapotea. Ilibidi kusubiri hadi Oktoba 2023 ndipo watoaji wa Oscar wakaleta kingine. Na kuanzia Oscar za kwanza mwaka 1929 hadi zile za 2024, mwanamke mweusi aliyepata tuzo ya mwigizaji mkuu ni mmoja, Halle Berry, mwaka 2002. Upande wa usaidizi, mbali na McDaniel na Lupita, wako Whoopi Goldberg, Jennifer Hudson, Mo'Nique, Octavia Spencer, Viola Davis, Regina King, Da'Vine Joy Randolph.

Hapo neno "tu" linastahili kutumika, lakini dhidi ya wagawaji wa nafasi, si dhidi ya wafanyakazi. Ubaya wa mlango hauondoi ubora wa aliyepita.

Na alipokwisha kupita alifanya nini? Mwaka 2025 Lupita alieleza kwamba baada ya Oscar aliletewa nafasi nyingine za mtumwa, safari hii hata ndani ya meli ya watumwa, na kwamba yu tayari kupunguza kazi kuliko kuendeleza picha hiyo ya Mwafrika. Hebu fikiria: umetoka chuoni juzi, una deni la karo, simu inalia na kazi ipo, nawe unasema hapana. Wangapi kati yetu tungeweza? Badala yake mwaka 2016 alipanda jukwaa la Broadway katika Eclipsed, mchezo wa Danai Gurira kuhusu wanawake katika vita vya Liberia, mchezo ambao ulionyeshwa hapo Washington mwaka 2009 katika ukumbi wa Woolly Mammoth. Mwaka huohuo akawa Nakku Harriet katika Queen of Katwe, mama wa Phiona Mutesi, msichana wa Kampala aliyeng'aa katika sataranji. Tena nafasi ya msaidizi! Lakini mama yule ndiye sababu ya mtoto kuwa na mahali pa kurudi. Ikafuata Black Panther mwaka 2018, kisha Us mwaka 2019, akiwa mhusika mkuu wa sura mbili, na A Quiet Place: Day One mwaka 2024. Huko ndiko "alikopotelea".

Tukirudi kwetu, nadhani tatizo letu si Lupita hata kidogo. Wahenga walisema mcheza kwao hutunzwa. Sisi tumeigeuza: mcheza kwao husubiri kwanza atunzwe ugenini. Sisi tuliokulia mbele ya runinga ya KBC tulimjua Mama Kayai, yaani Mary Khavere, kabla ya kumjua nyota yeyote wa Marekani. Miaka nenda miaka rudi alikuwa mke wa Mzee Ojwang katika Vitimbi. Benson Wanjau, yule Mzee Ojwang mwenyewe, alipofariki Julai 2015 nchi nzima ilimlilia, na alistahili. Lakini kichekesho cha Ojwang kilisimama kwa sababu alikuwepo wa kumkatalia, kumkodolea macho na kumwacha ajikaange kwa mafuta yake. Ni nani kati yetu aliyewahi kuuita huo ufundi? Tuliuita "Mama Kayai, yule wa kwa TV", basi.

Tabia hiyo tumekuja nayo hadi huku. Katika Usiku wa Afrika wa jumuiya yetu igizo limekuwa likipunguzwa kila mwaka, mpaka sasa linapewa dakika 10 kati ya maonyesho ya mavazi na chakula. Orodha yetu ya washauri wa wanachama wapya imejaa wahandisi, wauguzi na watu wa kompyuta. Dada zetu na kaka zetu wanaosoma sanaa za jukwaani wakijitambulisha kwenye mkutano, wanaulizwa na wenzao, "Sasa hiyo utakula nini?" Wazazi wakiuliza hivyo nawaelewa, wameuza mashamba kutuleta hapa. Sisi je, tumeuza nini?

Kwa hiyo nina mapendekezo matatu, na naomba yaingie katika ajenda ya mkutano mkuu. Kwanza, igizo lirudishiwe walau dakika 40 katika Usiku wa Afrika. Pili, kila muhula tuwe na jioni moja ya kutazama filamu ya kwetu na kuijadili, tukianza na Queen of Katwe. Tatu, katika fedha za jumuiya itengwe sehemu ndogo ya nauli kwa mwanachama anayekwenda kwenye usaili wa kuigiza, kama tunavyomlipia anayekwenda kwenye kongamano la uhandisi. Hilo la tatu nalisema nikijua kwamba mimi ni miongoni mwa waliofaidika na nauli hizo.

Pale makutano ya Kenilworth nguzo za reli ya Purple Line zimepanda juu ya barabara. Treni zikianza kupita, watu watapiga picha za treni. Kwa watu wa fani yangu hilo halitukeri, kwa sababu twajua kilichobeba nini. Ninachoomba ni kwamba wenzetu wa jukwaani nao wahesabiwe kwa kipimo hichohicho, na wahesabiwe mapema, kabla Los Angeles haijatuambia ni akina nani.