Jicho la jirani halimtii mtoto manjano

1/6
Wamama wa mjini, leo naomba tugombane kidogo. Unisome mpaka mwisho ndipo unitukane.

Kuanzia Kivukoni mpaka Kariakoo kuna imani inayotembea nyumba kwa nyumba: kwamba hisia kali za mtu mzima huacha alama kwenye mwili wa mtoto. Mjamzito akimchukia mtu, mtoto anatoka na sura ya huyo mtu. Akiwa na hasira sana, mtoto anazaliwa na doa. Jirani akimtazama kichanga kwa husuda, basi kimepata zongo: kinalia, kinaharisha, utosi unazama. Ndiyo maana wanja umejaa usoni na mvuje umefungwa mkononi kwa kitambaa cheusi.

Nasema wazi: si kweli. Na inatuchelewesha, na kuchelewa kunaua watoto. Twende alama moja moja.

2/6
SURA. "Mimba ilimchukia wifi yangu, mtoto katoka wifi mtupu!" Jamani. Wifi ni nani? Si dada wa baba yake mtoto? Damu ni ileile. Na mama mkwe je? Ni bibi yake mzaa baba. Mjamzito wa kwetu akichukia mtu, mara nyingi ni wa upande wa mume, halafu anashangaa mtoto kufanana na upande wa mume! Hiyo haikutoka kwenye chuki, ni urithi tu.

Na usidhani huu ni ushamba wa Waswahili. Mwaka 1726 huko Uingereza, mwanamke aitwaye Mary Toft alidai anazaa sungura kwa sababu alipokuwa mjamzito aliwatamani sungura. Hata daktari mpasuaji wa nyumba ya mfalme aliamini. Baadaye mama mwenyewe akakiri kwamba ulikuwa uongo.

3/6
MADOA. Yale ya bluu au kijivu kwenye makalio na chini ya mgongo hayakuachwa na hasira zako, wala hayana maana kwamba mkunga alimfinya. Ni chembe za rangi ya ngozi zilizobaki ndani zaidi kuliko kawaida. Watoto wengi wa Kiafrika na wa Kiasia huzaliwa nayo, na kwa kawaida hufifia miaka ya mwanzo. Hayaumi na hayana dawa. Usiyakande, usiyachanje.

Doa jekundu lililovimba, linalokua miezi ya kwanza, ni mishipa midogo ya damu. Mengi hupungua yenyewe kadiri mtoto anavyokua. Likiwa karibu na jicho au mdomo, mlete tulitazame.

Na huo wanja wa kumkinga na husuda? Baadhi ya wanja wa manga una madini ya risasi, sumu inayodhuru ubongo wa mtoto. Unamkinga na jicho la jirani kwa kumpaka sumu kwenye jicho lake mwenyewe.

4/6
Sasa zile alama zinazoua.

UTOSI ULIOZAMA ni upungufu wa maji mwilini. Mtoto ameharisha au ametapika. Aendelee kunyonya, apewe ORS na zinki kama atakavyoelekezwa kituoni. Mvuje utosini haurudishi maji hata tone.

MANJANO. Kwa mtoto mweusi usihangaike na ngozi ya tumbo. Tazama weupe wa macho, fizi na nyayo. Yakionekana ndani ya saa 24 za kwanza, hiyo ni dharura. Manjano makali hufika kwenye ubongo, na mtoto anaweza kubaki kiziwi au na ulemavu wa maisha, wakati mwanzoni pengine ingetosha kumlaza chini ya taa maalumu hospitali.

DEGEDEGE. Mmoja atasema ndege, mwingine shetani, mwingine jicho. Mlaze ubavu, usimtie kitu mdomoni, usimfukize, mkimbize kituoni akapimwe malaria na mengine. Na ile ya "mwenye degedege akichomwa sindano anakufa", tuizike leo. Anayekufa ni yule aliyefikishwa akiwa amechelewa.

5/6
Najua utaniambia: "Mbona wa kwangu alipelekwa kwa fundi akapona?" Swali zuri. Degedege ya homa mara nyingi huisha yenyewe ndani ya dakika chache. Yeyote aliyekuwa amemshika mtoto dakika ile ndiye anayepewa sifa. Lakini kama chini yake kuna malaria kali au homa ya uti wa mgongo, mtetemeko umekoma na ugonjwa unaendelea.

Sikukatazi dua. Omba. Omba ukiwa njiani kwenda kituoni. Wewe unayeuza Mtaa wa Kongo, Mnazi Mmoja unafika kwa miguu. Na kwa sera ya nchi, mtoto chini ya miaka 5 hutibiwa bila malipo kwenye vituo vya serikali.

Halafu jiulize: kwenye nyumba ya kupanga, husuda hubandikwa kwa nani? Kwa dada asiye na mtoto. Kwa mjane. Kwa mke mwenza. Mwanamke aliyepoteza mimba mwezi uliopita anaogopa hata kumbeba mtoto wa jirani, akiugua ataambiwa ni yeye. Kule Usukumani, bibi vizee wameuawa kwa miaka mingi kwa sababu macho yao ni mekundu, watu wakasema ni uchawi. Wengi wao ulikuwa moshi tu, wa kupikia kuni na kinyesi cha ng'ombe maisha yote. Tabia ya kusoma ubaya wa mtu mwilini huanza na maneno ya ukumbini, na hapo ndipo inapoweza kufika.

6/6
La mwisho, na ndilo linaloniuma zaidi.

Hisia kali zina alama kweli. Ila alama zake huwa kwa mama mwenyewe. Halali hata mtoto akilala. Analia bila sababu. Hali chakula. Anamtazama mwanawe kama wa mtu mwingine. Anawaza bora afe. Hiyo ni sonona, ni ugonjwa, na unatibika. Shirika la Afya Duniani linakadiria kwamba katika nchi zinazoendelea karibu mama 1 kati ya 5 hupata tatizo la afya ya akili baada ya kujifungua.

Nyumba nzima inakagua makalio ya mtoto kutafuta hasira ya mama, na mama mwenyewe yuko chumbani analia, hakuna anayemuuliza ana nini.

Kwa hiyo, baba, bibi, wifi: mkienda kumwona mzazi, mwangalieni na yeye. Muulizeni amelala saa ngapi, amekula nini. Mpokeeni mtoto aoge. Akisema anataka kufa, msimwambie amerogwa. Mleteni kituoni siku hiyohiyo.

Na wewe mama: mtoto akishindwa kunyonya, akitapika kila kitu, akipata degedege, au akilegea asiamke vizuri, usiulize nani amemtazama. Beba kadi ya kliniki, toka.