Waziri wa Ufaransa na Nafaka ya Watoto Wetu

Bismillaahir Rahmaanir Rahiym

Najat Vallaud-Belkacem alizaliwa Morocco mwaka 1977, akahamia Ufaransa akiwa mdogo kumfuata baba yake aliyekuwa fundi wa ujenzi. Mwaka 2012 aliteuliwa Waziri wa Haki za Wanawake. Mwaka 2014 akawa mwanamke wa kwanza kuongoza Wizara ya Elimu huko. Jarida moja la mrengo mkali wa kulia likauita uteuzi huo uchokozi, kwa kuwa ni Mmorocco na Muislamu.

Sheria kubwa aliyoisimamia ni ya usawa, ya tarehe 4 Agosti 2014. Humo yamo tusiyoyaridhia, kama kuondolewa sharti la dhiki kwa mwanamke anayetaka kutoa mimba. Na katika suala la hijabu, marufuku ya mwaka 2004 kwa wanafunzi wa skuli za serikali ilibaki kama ilivyo. Hata hivyo, akiwa Waziri wa Elimu alisema kuwa kina mama wenye hijabu wanaosindikiza watoto katika ziara za skuli wakubaliwe, na kuwazuia kuwe ni nadra.

Lakini tulitazame jambo moja. Sheria hiyo ilianzisha majaribio katika mikoa 20: baba akikwepa nafaka, mfuko wa posho za familia humpa mama kiwango cha chini, kisha humdai baba. Mwaka 2016 mpango ukaenea nchi nzima.

Sisi hatukungoja Paris itufundishe. Suuratut-Twalaaq imeliweka wazi jukumu la matumizi. Hind bint Utbah (Radhiya Allaahu 'anhaa) alipomshitakia Mtume (Swalla Allaahu 'alayhi wa sallam) ubakhili wa mumewe, alimruhusu achukue katika mali yake kinachomtosha yeye na wanawe kwa wema. Hukumu tunayo. Tunachopungukiwa ni kuitekeleza. Hapa visiwani mama aliyeachwa hupewa nafaka mwezi mmoja, kisha miezi mitatu kimya, naye huona haya kurudi kwa kadhi.

Ndugu yetu uliyeacha mke, watoto hukuwaacha. Nafaka yao ni deni shingoni mwako, si hisani wala zawadi ya Idi. Nanyi wazee na mashemegi, msimkataze binti yenu kudai haki ya wanawe kwa kuogopa maneno ya watu. Tukiipuuza haki aliyoiweka Allaah, tusishangae mabinti zetu wakienda kuitafuta kwa wengine, pamoja na yale tusiyoyaridhia.

Wallaahu A'lam.