Gemu Limegoma Kufunguka? Usizime Kinga, Usikimbilie Kupiga Window

Mama mwenzangu, na wewe baba unayesoma kwa kuchungulia begani, leo tunapumzisha uji wa lishe na ratiba ya chanjo. Shule zimefungwa, watoto wako nyumbani, na kwenye nyumba nyingi za huku kwetu Gerezani na Kariakoo kuna kilio kimoja: "Mama, gemu halifunguki!"

Dogo anabonyeza, kiduara kinazunguka, skrini inakuwa nyeusi, halafu kimya. Hapo wengi wetu tunakimbilia njia mbili. Ya kwanza, mtoto anamuuliza kijana aliyempa gemu kwenye flashi, naye anamwambia, "Zima antivirusi, litafunguka." Ya pili, laptopu inabebwa mpaka kwa fundi, na kuna mafundi ambao hata hawajaiwasha wanasema, "Hii tupige window."

Mimi naona njia zote mbili ni kumpa mgonjwa dawa kabla hujamuuliza anaumwa wapi. Na nasema hivi: hata wewe unayesema "mimi kompyuta sijui" unaweza kufanya kazi nzuri zaidi ya hiyo. Nitagawa somo vipande, soma taratibu.

KIPANDE CHA 1: Hiyo laptopu si ya gemu peke yake

Fikiria kilichomo humo. Picha za mwanao tangu siku aliyozaliwa. Hesabu za duka la Mtaa wa Kongo. Vyeti vya baba. Barua pepe iliyoachwa wazi, ambayo mtu akiipata anaweza kubadilisha paswedi za vitu vingine vyote.

Sasa gemu la kwenye flashi mara nyingi ni gemu lililovunjwa kufuli, vijana wanaliita kraki. Aliyelivunja ameingiza mkono ndani ya programu akabadilisha vitu. Wengine huishia hapo. Wengine huacha zawadi yao ndani. Kuna virusi vya kufunga mafaili vinavyoitwa STOP, au Djvu, ambavyo vimesambaa duniani kwa miaka mingi hasa kupitia kraki za namna hii. Vikiingia, picha zako zote zinafungwa kwa ufunguo usiokuwa nao, na unaachiwa barua ya kudai pesa. Vingine havidai kitu, vinaiba paswedi kimyakimya na wewe huna habari.

Kwa hiyo gemu likitaka uzime kinga ndipo lifunguke, usilifungue. Mgeni akikwambia umfunge mbwa, uzime taa na ulale kwanza ndipo aingie, utamkaribisha?

Sisemi kinga haikosei. Inakosea, kuna wakati inalikamata faili zuri la gemu halali. Basi hapo unalipakua gemu upya kutoka kwa wenyewe, unaisasisha kinga, unajaribu tena. Lakini mtoto wa miaka 13 asiachiwe aamue peke yake kuizima.

KIPANDE CHA 2: Uliza historia kwanza

Mgonjwa akifika, tunauliza: imeanza lini? Kabla ya hapo ulikuwaje? Umetumia nini? Kaa na mtoto, muulize maswali matatu.

Moja: gemu hili lilishawahi kufunguka kwenye mashine hii? Kama halijawahi hata siku moja, huenda mashine haliwezi, au halikuwekwa vizuri. Kama jana lilifunguka na leo limegoma, kuna kitu kimebadilika.

Mbili: kimebadilika nini? Umeme ulikatika likiwa linajisasisha? Bando liliisha katikati? Kuna programu mpya imewekwa? Mtoto mdogo alibonyeza-bonyeza? Huku kwetu hilo la umeme na bando lisikupite, maana gemu linaloshushwa nusu hubaki na mafaili yenye mapengo.

Tatu: linasema nini likigoma? Watoto huwa wanafunga ule ujumbe haraka bila kuusoma. Mwambie asiufunge, upige picha kwa simu. Ujumbe huo ndio mgonjwa anayekuonyesha kwa kidole, "naumwa hapa."

KIPANDE CHA 3: Vipimo, kuanzia chepesi

Usiruke hatua. Kila baada ya hatua moja, jaribu kulifungua gemu. Ukibadilisha vitu vitano kwa mpigo hutajua kilichoponya ni kipi, wala kilichoharibu.

Zima kompyuta, iwashe upya. Najua unacheka. Lakini mara nyingi gemu lilishafunguka likakwama kwa nyuma, na linakataa kufunguka mara ya pili kwa sababu lenyewe linaamini liko wazi. Kuwasha upya kunalitoa.

Tazama nafasi kwenye diski. Diski iliyojaa mpaka juu hailipi gemu pa kupumulia. Usianze kufuta picha za familia kwa hasira! Anza na filamu zilizokwisha kutazamwa.

Tazama saa na tarehe pale pembeni chini. Hili wengi hawalijui. Kompyuta ikiamini bado tuko miaka kumi nyuma, magemu ya mtandaoni yanakataa kuunganishwa, kwa sababu vyeti vya usalama vya mtandao vina tarehe zake. Rekebisha tarehe. Ikirudi nyuma kila ukizima, kuna kibetri kidogo ndani kimekufa. Nitakirudia hicho, maana kinanihusu kama muuguzi.

Soma ule ujumbe uliopiga picha. Ukitaja VCRUNTIME140.dll au MSVCP140.dll, mgonjwa huyu hana makubwa. Gemu linahitaji kifurushi cha Visual C++, na Microsoft wenyewe wanakitoa bure kwenye tovuti yao. Usitafute hilo faili moja moja kwenye tovuti za ajabu ajabu. Ni sawa na kuokota kidonge kimoja njiani kwa kuwa kinafanana na ulichoandikiwa.

Skrini ikiwa nyeusi tu, au picha zikivurugika, sasisha draiva za kadi ya picha. Draiva ni programu inayoifundisha Windows kuongea na kifaa. Zichukue kwa mtengenezaji mwenyewe, Intel, AMD au NVIDIA, au kupitia masasisho ya Windows.

Kama gemu limenunuliwa Steam, kuna dawa nzuri ya mafaili yenye mapengo: bonyeza kulia kwenye jina la gemu, ingia "Properties", halafu kwenye mafaili yaliyosakinishwa tafuta neno linaloanza na "Verify". Itakagua faili moja moja na kushusha yale mabovu tu. Bando lako litashukuru, badala ya kushusha gemu zima upya.

KIPANDE CHA 4: Kibetri cha shilingi

Simama hapa hata kama una haraka.

Kile kibetri cha saa ya kompyuta ni cha duara, kinang'aa kama sarafu. Cha kawaida kinaitwa CR2032, yaani upana milimita 20, unene milimita 3.2. Kwa fundi kinatolewa, kinawekwa mezani, kinasahaulika. Nyumbani kinaachwa kwenye kabati la TV. Mtoto anayetambaa anakiona, anakiweka mdomoni.

Kikikwama kwenye njia ya chakula kinaanza kuunguza. Ndani ya saa 2 tu madhara yanaweza kuwa makubwa. Hata kilichokwisha chaji ya kuendesha saa bado kinaweza kuunguza. Mtoto anaweza kutoa mate mengi, kukohoa, kukataa kula, kushika kifua, au asionyeshe kitu kabisa.

Ukimshuku, usimtapishe. Usimpe ndizi wala tonge la ugali "kikishuke". Usingoje kitoke na choo. Mbebe, nenda hospitali yenye eksirei, na ukifika mapokezi sema neno hili: betri. Usiseme tu "amemeza kitu", maana shilingi na betri havisubiri foleni moja. Hata kikiingia puani, ni haraka hiyo hiyo.

Kikibadilishwa, omba cha zamani, kizungushie gundi ya karatasi, kitupe mbali na watoto.

KIPANDE CHA 5: Labda mashine ndiyo haiwezi

Kuna wakati hakuna ugonjwa. Umemvika mtoto wa darasa la pili viatu vya baba yake.

Bonyeza kitufe cha Windows pamoja na herufi R, andika dxdiag, bonyeza Enter. Itafunguka karatasi ya vipimo: Windows gani, RAM kiasi gani, kadi gani ya picha. Linganisha na mahitaji yaliyoandikwa kwenye ukurasa wa gemu. GTA V ya maboresho, iliyotoka kwa kompyuta Machi 2025, inataka RAM isiyopungua GB 8 na diski ya SSD. Kwenye laptopu ya GB 4 hata upige window mara saba, ni kazi bure.

Na Windows yenyewe ina umri. Steam iliacha kuhudumia Windows 7 na 8 tarehe 1 Januari 2024. Windows 10 nayo ilifika mwisho wa huduma yake ya kawaida tarehe 14 Oktoba 2025. Kama mashine ya nyumbani bado ina Windows 7, tatizo la gemu la Steam huenda umeshalipata bila kumlipa mtu.

Hii ikusaidie pia siku ukishuka Mwendokasi kituo cha Gerezani kwenda kununua laptopu iliyotumika. Ukiambiwa "hii Core i5, inacheza kila kitu", tabasamu, halafu uliza i5 ya ngapi. Core i5 za kwanza zilitoka 2009! Soma namba: i5-2520M ni ya kizazi cha pili, i5-8250U ni ya kizazi cha nane. Kwa Intel, Windows 11 rasmi huanzia zaidi kizazi cha nane. Na laptopu nyingi zilizokuwa za ofisini hazina kadi ya picha ya peke yake, hata ziwe nzuri vipi kwa kuandika barua. Mwombe muuzaji afungue dxdiag mbele yako kabla hujatoa hela.

KIPANDE CHA 6: Ukifika kwa fundi

Hapa mjini tuna mafundi wazuri mno, wanafufua vitu ambavyo kwingine vingetupwa. Lakini fundi anafanyia kazi anachoambiwa. Ukisema "imekufa", atafanya kazi ya kilichokufa. Mpe historia yako, mwonyeshe picha ya ujumbe, mwambie umeshajaribu nini.

Akisema tupige window, muulize maswali mawili: ni kwa nini hasa, na picha zangu zitakuwa wapi? Kupiga window kwa kufuta diski kunaondoa vilivyomo. Kama ni lazima, nakala iwekwe kwanza kwenye diski nyingine, uifungue mwenyewe, uone picha zinafunguka, ndipo aendelee. Na akikurudishia mashine ikiwa na kinga imezimwa "ili gemu lipite", mwambie aiwashe kabla hujalipa.

KIPANDE CHA 7: "Nesi, si heri lisifunguke kabisa?"

Nimejua mtauliza. Wapo wanaosema gemu ni upuuzi, likigoma ni jibu la dua.

Mimi si mtetezi wa skrini. Shirika la Afya Duniani lilisema mwaka 2019 kwamba mtoto chini ya mwaka mmoja asiwekwe mbele ya skrini kabisa, na wa miaka 2 hadi 4 isizidi saa moja kwa siku. Na kuna magemu si ya watoto: hiyo hiyo GTA, Ulaya inawekewa alama ya miaka 18. Ukigundua ndiyo inayogoma na dogo ana miaka 10, mwache mgonjwa huyo apumzike, zungumza na mtoto.

Lakini ukimfukuza tu na "nitolee upuuzi wako", hataacha. Ataenda kwa yule wa flashi, atafundishwa kuzima kinga, na mlango utafunguliwa ndani ya nyumba yako wakati wewe uko jikoni. Afadhali nusu saa ya kukaa naye. Atajifunza kusoma kabla ya kubonyeza, kujaribu kitu kimoja kwa wakati, na kusema ukweli akiulizwa, "kabla halijagoma ulifanya nini?" Usimpige kwa jibu hilo. Akipigwa leo kwa sababu ya gemu, kesho atakuficha pia kwamba mdogo wake amemeza kibetri.

Leo jioni, kabla ya jambo lingine lolote, fanya mawili: nakili picha za watoto kwenye diski ya pembeni, na uangalie kama kinga ya kompyuta yenu imewashwa. Halafu mpelekee somo hili shoga yako mwenye mtoto aliyeko likizo.